Sentimita Sita

Nilibeba viti.
Miaka kumi na mmoja, Machame hadi Barafu,
viti vya kukunja, meza, mtungi wa gesi,
na mara moja choo kizima cha plastiki
kwa mama mmoja mgeni aliyeogopa kuchuchumaa.
Getini walinipima: kilo ishirini, pita.
Hakuna aliyeuliza kiti kinakwenda kufanya nini mlimani.
Kiti kilipanda. Kilipewa njia.

Habari za mgongo wangu ziacheni.
Jiwe moja, usiku mmoja.

Sasa nina kiti changu,
kimechomelewa Pasua, tairi za nyuma ni za baiskeli,
mkono wa kulia umeanza kutu.
Mlima siuulizi kitu. Tunaonana alfajiri,
unajifunua kidogo, halafu unajifunika haraka
kama mdeni aliyekuona kwanza.
Mimi nilitaka tu msitu wa Rau.
Tambarare. Nusu saa kutoka kwangu. Kivuli.

Mlangoni pana ubao: KARIBUNI WOTE.
Chini ya ubao, mabomba mawili ya chuma
yamesimikwa kuzuia pikipiki za wakata mbao.
Mtu hupita. Mbuzi hupita na wanawe.
Kiti changu kikagonga, ngo,
nikarudi nyuma, nikajaribu tena, ngo,
kama anayebisha hodi kwenye nyumba
ambayo wenyewe wamo, na redio inasikika.

"Tutakubeba, mzee," wakasema vijana wa doria,
wema kabisa, mikono wameshaikunjua.
Nikakataa.
Wakaona nina kiburi.
Lakini mimi nimebeba, jamani, mzigo naujua:
mzigo hausemi simama hapa nisikie hicho kijito.
Mzigo hauchelewi nyuma kwa ajili ya kipepeo.
Mzigo unafika, basi, unatuliwa,
na aliyeubeba anatazama saa.

Nakijwa, mlinzi, ambaye jioni hushona sare za shule,
akavua futikamba shingoni.
Akapima kiti: sitini na nne.
Akapima mlango: hamsini na nane.
Akaandika kiganjani, akaitazama tofauti ile
kama mtu aliyerudishiwa chenji pungufu.
"Sita," akasema. "Yaani sita tu."

Sita ni vidole vyangu vitatu.
Kwa vidole vitatu nilikosa masika, nikakosa na vuli.
Kamati ilikaa. Kamati ikaahirisha.
Kamati ikakaa tena, mjumbe mmoja akauliza,
kwani wako wangapi hasa, watu wa namna hiyo?
Nakijwa akajibu hawezi kujua idadi,
yeye huhesabu wanaopita.

Jumatano moja akaja fundi Ndekirwa na msumeno wa mkono,
maana pale hakuna umeme wa kuwashia mashine.
Wakapokezana, kere kere, hadi bomba likalegea,
wakalisimika upya, pembeni, kwenye zege bichi.
Hakukuwa na mgeni rasmi. Utepe wa nini?
Kulikuwa na ndizi za kuchoma
na mbwa aliyekanyaga zege. Nyayo zake ziko hadi leo.

Jumapili nikapita.
Niliisubiri ile ngo. Haikuja.
Ndani, harufu ya majani yaliyooza vizuri,
baridi inayokushika masikio kwanza,
na mbega juu ya mvule, mkia umening'inia,
akinitazama bila huruma hata chembe.
Nilimshukuru kwa hilo.

Hatua mia mbili (niite hatua?),
mizunguko mia mbili ya gurudumu,
nikazama kwenye tope hadi spoku.

Nakijwa akaita kwa mbali: "Nije?"
Nikamwambia bado.
Nilikuwa nimekwama mahali nilipochagua mwenyewe,
maji yakizungumza upande wa kushoto,
na nyuma yangu kwenye udongo, mistari miwili,
mirefu, iliyopinda pale alipotua kipepeo.